Mwalimu, Hesabu Siku Zako

Mwezi uliopita, kwenye safu hii, niliahidi tungemalizia habari za mawifi. Mawifi watasubiri, maana hawaendi popote. Kuna barua iliingia tarehe 12 Agosti, imeandikwa kwa mwandiko wa ubaoni, ule ulionyooka wa mtu aliyezoea kuandikia watoto arobaini. Nimeisoma nimesimama, na sikukaa mpaka nilipompigia simu aliyeiandika. Amekubali niitumie hapa, kwa sharti nisitaje jina lake wala la shule.

"Shikamoo dada. Mimi ni mwalimu wa shule binafsi ya msingi huku mkoa wa Pwani, nafundisha Hisabati na Sayansi. Mshahara wangu ni shilingi 450,000. Wa Mei hatukupata, wa Juni hatukupata, wa Julai nao umepita hivyo hivyo. Kila tukimuuliza Mkurugenzi anasema wazazi hawajamaliza ada, tuvumilie kidogo, sisi ni familia moja. Nimeshakopa kausha damu mara mbili. Mwenye nyumba siku hizi hanisalimii, anakohoa tu mlangoni. Walimu wenzangu wamegawanyika, wapo wanaotaka tususie vipindi na wapo wanaotaka twende mahakamani tukachukue amri alipe. Mimi naogopa vyote viwili. Dada, nifanyeje?"

Marahaba, mdogo wangu. Pole sana. Kabla sijakwambia chochote, shusha ile kalenda ya ukutani, ukae nayo mezani.

Siku ya mshahara shuleni kwenu ni ya mwisho wa mwezi. Mshahara wa Mei ulitakiwa kuwa mkononi mwako tarehe 31 Mei. Hesabu siku 60 kutoka hapo. Utafika tarehe 30 Julai, na tarehe hiyo imeshapita. Mshahara wa Juni ulitakiwa tarehe 30 Juni, siku yake ya 60 ni tarehe 29 Agosti. Wa Julai unakupeleka mpaka tarehe 29 Septemba. Wewe unafundisha Hisabati, nihakiki.

Kwa nini 60? Kwa sababu kanuni za usuluhishi na uamuzi za mwaka 2007 zinasema mgogoro wa kazi usiohusu kuachishwa kazi upelekwe Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, yaani CMA, ndani ya siku 60 tangu ulipotokea. Ukiwa umeachishwa kazi, una siku 30 tu. Wapo mawakili watakaokwambia mgogoro wa mshahara huzaliwa siku ile mwajiri anapokataa kulipa, kwamba siku za kuahidi hazihesabiwi. Huenda wakashinda kwa hoja hiyo. Mimi nakwambia kama dada yako, usijenge nyumba juu ya huenda. Hesabu tangu siku ya mshahara, uwe salama.

Naijua kalenda hii kwa sababu iliwahi kunipita mimi mwenyewe.

Mwaka 2011, kabla sijaanza kuandika magazetini, nilikuwa nafundisha Kiswahili sekondari moja binafsi. Mwenye shule alikuwa mtu wa watu. Akikukuta korido anakuuliza mtoto wako anaendeleaje, anamtaja kwa jina. Mfanyakazi akifiwa, anafika msibani kabla ya jamaa wa karibu. Basi alipotuita ofisi ya walimu mwezi wa tisa akatuambia hali ni ngumu, tulimwonea huruma kuliko tulivyojionea sisi. Mwezi wa kumi tukaona aibu kuuliza. Wa kumi na moja tukatuma wawakilishi wawili, wakarudi na ahadi na soda. Desemba shule ikafungwa. Januari tulirudi tukakuta Kosta mpya, imeandikwa jina la shule ubavuni kwa rangi ya bluu, na mishahara bado.

Ndipo tukaenda CMA, walimu saba, mwishoni mwa Februari. Msichana wa mapokezi alituuliza swali moja: mshahara wa kwanza mnaodai ni wa lini? Tukasema Septemba. Akatutazama kama daktari anayetazama picha mbaya ya eksirei. Tulijaza maombi ya kuongezewa muda, tukaeleza kwamba tulikuwa tunamsubiri mwajiri kwa nia njema. Maombi yakakataliwa. Tulipata mishahara ya Desemba na Januari peke yake, kwa kuwa ndiyo ilikuwa bado ndani ya muda. Miezi mitatu ya jasho letu ilibaki kwenye Kosta.

Ndiyo maana barua yako sikuisoma nimekaa.

Sikilizeni, na wengine wote mnaosoma. Tumelelewa na methali kwamba subira yavuta heri, na sisemi methali imekosea. Ila kwenye deni la mshahara, subira inavuta siku. Mahakama za nchi hii zimesema zaidi ya mara moja kwamba mazungumzo na unayemdai hayasimamishi muda. Ukichelewa ukaomba kuongezewa, utatakiwa kueleza kila siku ya kuchelewa ilikwenda wapi. Ulilazwa? Lete karatasi ya hospitali. Msiba? Lete kibali cha mazishi. "Mkurugenzi alituambia tuvumilie" haina karatasi, na hata ikiwa nayo, haitoshi.

Kwa hiyo Mei yako, mdogo wangu, inahitaji maombi ya kuongezewa muda, fomu yake inaitwa CMA F2, na utaambatanisha kiapo. Iombee, usiiache, lakini usiibebee matumaini makubwa. Juni na Julai ziko hai. Zikimbilie.

Sasa hili la mahakama. Watu wakidai mshahara husema "naenda mahakamani", lakini kwa Tanzania Bara mlango wa kwanza ni hiyo CMA, iliyoanzishwa na Sheria ya Taasisi za Kazi ya mwaka 2004. Mahakama Kuu, Divisheni ya Kazi, mtafika baadaye, na mkifika mtakuwa mnaomba tuzo yenu, yaani uamuzi wa CMA, itekelezwe, au mwajiri ndiye atakuwa anaipinga. Zanzibar wana sheria zao za ajira za mwaka 2005 na Kamisheni yao ya Kazi, kwa hiyo dada zangu wa Unguja na Pemba msichukue tarehe hizi mkaenda nazo kwenye Kamisheni. Ulizeni huko huko kwenu.

CMA unakwenda na Fomu Namba 1. Hulipii ada ya kufungua shauri. Huhitaji wakili, unaweza kujisimamia mwenyewe au ukasimamiwa na kiongozi wa chama cha wafanyakazi. Lugha ni Kiswahili, usitishike na mtu anayetembea na maneno ya Kilatini mfukoni. Fomu ina sehemu ya nyongeza inayohusu kuachishwa kazi. Wewe hujaachishwa, usiiguse. Nimeona watu wakijaza kila kisanduku kwa kuwa kipo, kama mtoto wa darasa la kwanza mbele ya karatasi ya mtihani, na mawakili wa mwajiri wakapata pa kushika.

Nakala ya fomu mpe mwajiri kwanza, mhasibu au katibu muhtasi aipokee kwa sahihi, tarehe na muhuri. Wakikataa kupokea, itume kwa posta ya rejesta utunze risiti. Bila ushahidi kwamba mwajiri amepata nakala, fomu yako inaweza kurudishwa, na siku zinazidi kukimbia.

Hapa naomba nikae kidogo, kwa sababu ndipo walimu wengi wanapoangukia baada ya kushinda. Ni kwenye mstari mmoja tu wa fomu: jina la mwajiri.

Mwalimu anaandika jina lililoko getini. Anaandika "Shule ya Msingi" fulani, lile lililoshonwa kwenye sweta za watoto. Anapambana miezi minane, anashinda, anapewa tuzo ya milioni zake, anakwenda kuikaza, halafu wakili wa upande wa pili anasimama kwa upole na kusema: mheshimiwa, hakuna mtu wa kisheria anayeitwa hivyo. Shule ni mali. Inamilikiwa na kampuni, au na bodi ya wadhamini ya dhehebu au taasisi, au na mtu binafsi mwenye jina lake la kuzaliwa. Kudai "shule" ni sawa na kudai duka badala ya mwenye duka. Tuzo iliyotolewa dhidi ya jina lisilokuwepo kisheria ni karatasi nzuri ya kufungia maandazi.

Utalijuaje jina sahihi? Tazama mkataba wako, mstari wa kwanza kabisa, pale wanapoandika "kati ya". Tazama hati ya mshahara. Tazama jina la akaunti inayokuingizia fedha benki. Tazama taarifa ya michango yako ya hifadhi ya jamii, NSSF, huwa inaonyesha mwajiri aliyesajiliwa ni nani. Kama ni kampuni, wasajili wake, BRELA, wana kumbukumbu zake. Kama ni bodi ya wadhamini, ziko kwa wasajili wake, RITA, na jina litaanza na maneno "Wadhamini Waliosajiliwa wa", mara nyingi kwa Kiingereza, na unaliandika kama lilivyo, herufi kwa herufi. Majina yakipishana kati ya mkataba na benki, mwambie ofisa wa CMA kabla hujasaini.

Na ukifika kwenye NSSF usiishie kuangalia jina. Angalia michango. Mwajiri asiyelipa mshahara mara nyingi alianza kutopeleka michango mapema zaidi, kimyakimya, kwa kuwa huko hakuna anayepiga kelele. Kwenye mshahara wa 450,000, wakikukata asilimia 10 ni 45,000 kila mwezi, na mwajiri naye anatakiwa aongeze yake ifike asilimia 20. Kama hati zako zinaonyesha umekatwa na NSSF hawaoni kitu, hilo ni kosa jingine kabisa, na ofisi ya NSSF ya wilaya yako ina wakaguzi wake. Peleka nakala.

Mmoja wenu ataniuliza, "Dada, mimi sina mkataba, niliajiriwa kwa mdomo." Nililisubiri hilo. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini inamtaka mwajiri akupe maelezo ya ajira kwa maandishi. Asipoweza kuyaonyesha panapokuwa na shauri, mzigo wa kuthibitisha kwamba masharti unayoyasema si ya kweli unamwangukia yeye. Kutokuwa na mkataba ni aibu ya mwajiri. Ila wewe lete alama kwamba ulikuwepo: ratiba ya vipindi yenye jina lako, maandalio ya somo yenye sahihi ya mwalimu mkuu, picha za kitabu cha mahudhurio, ripoti za watoto ulizosaini, taarifa ya benki inayoonyesha miezi uliyolipwa zamani. Na meseji. Zile meseji za Mkurugenzi kwenye kundi la WhatsApp, "walimu wangu naomba mnivumilie mpaka tarehe 15", zinakiri deni kwa kinywa chake. Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya mwaka 2015 inaruhusu ushahidi wa namna hiyo. Usifute simu kwa hasira, na usijitoe kwenye kundi kwa mbwembwe. Tunza simu yenyewe, siyo picha za kioo peke yake.

Kuhusu wale wenzako wanaotaka kususia vipindi, naelewa. Mtu hawezi kufundisha sehemu wakati maisha yake yenyewe yamekatwa vipande. Lakini kutokufika kazini zaidi ya siku tano bila ruhusa ni kosa linaloweza kumfukuzisha mtu, na mgomo una taratibu zake za kisheria ambazo walimu kumi na wawili waliokasirika asubuhi hawawezi kuzitimiza kabla ya mapumziko ya saa nne. Mkikimbia darasa, mnamgeuzia Mkurugenzi meza. Jana alikuwa mdaiwa, leo ni mwajiri aliyetelekezewa watoto kabla ya mtihani wa darasa la saba. Ingieni darasani, sainini kitabu, mdai mkiwa mmesimama mahali penu.

Hata walimu wa serikali, ambao ni jeshi, jambo hilo lilishawakuta. Julai 30 mwaka 2012 Chama cha Walimu, CWT, kilianzisha mgomo nchi nzima kudai nyongeza ya mshahara na posho. Tarehe 2 Agosti, siku ya nne tu, Divisheni ya Kazi ikaamua mgomo ni batili na walimu wakaamriwa warudi madarasani. Majirani zetu Kenya nao, mwaka 2015, walimu waligoma wakiwa na hukumu mkononi, iliyowapa nyongeza ya asilimia 50 hadi 60. Mwajiri wao, Tume ya Huduma za Walimu, akazuia mishahara ya Septemba ya waliogoma, na Novemba Mahakama ya Rufaa ikaifuta ile nyongeza yenyewe. Amri ya mahakama inakata kote kote, wadogo zangu. Anayeifuata lazima awe msafi kuliko anayemdai.

Na kuacha kazi je? Kama umechoka kabisa, kuna njia, lakini usiandike ile barua ya mistari miwili, "naacha kazi kwa sababu binafsi, nashukuru kwa ushirikiano." Ukiandika hivyo umemsamehe. Kama unaondoka kwa sababu hulipwi, sema hivyo: nimefanya kazi miezi hii na hii bila mshahara, nimedai tarehe hizi na hizi, siwezi kuendelea. Sheria inatambua kwamba mwajiri anaweza kuifanya kazi isivumilike hadi mfanyakazi akaondoka, na hilo likahesabiwa kuwa ameachishwa. Lakini kumbuka hapo umehamia kwenye zile siku 30, na kuthibitisha si kazi ndogo. Mimi nisingeanza na huko.

Narudi kwenye neno la Mkurugenzi, kwamba wazazi hawajalipa ada. Huenda ni kweli. Sisi tunaolea tunajua ada ya shule binafsi ilivyo, na mwaka 2020 shule zilipofungwa tarehe 17 Machi kwa sababu ya korona, nyingi zilikaa bila senti mpaka zilipofunguliwa Juni 29, na walimu wao waliuza chapati na barakoa. Sikatai kwamba kuna wenye shule wanaohangaika kwa dhati. Lakini mkataba wako haukusema utalipwa wazazi wakilipa. Wewe si mbia. Shule ikipata faida hukugawiwa, kwa nini hasara ugawiwe? Kama kweli mwajiri amekwama, mahali pa kulisema ni mbele ya msuluhishi, kwa maandishi, na tarehe za kulipa. Asiyeweza kulipa leo anaweza kusaini ratiba leo.

Ipo pia tabia ya kukata mshahara kwa sababu darasa limefeli, au dawati limevunjika zamu yako. Kukata kwa ajili ya hasara kuna masharti: uwe ndiye uliyesababisha, upewe maelezo kwa maandishi, usikilizwe, na makato yasizidi robo ya mshahara. Watoto kupata D si hasara ya dawati. Yadai hayo pia, kwenye fomu hiyo hiyo. Na kama wameshikilia vyeti vyako halisi, kama shule nyingi zinavyofanya "kwa usalama", vitaje kwa jina kimoja kimoja.

Basi fomu imeingia, mmeitwa kwenye usuluhishi. Chumba kidogo, meza, msuluhishi. Sheria inampa siku 30 za kuwapatanisha. Nenda. Usipokwenda wewe uliyelalamika, shauri linaweza kufutwa, na asipokuja yeye, msuluhishi anaweza kuamua bila yeye. Nenda umevaa kama unavyokwenda kikao cha wazazi, nenda na hesabu yako kwenye karatasi moja. Juni 450,000, Julai 450,000, na Mei kama umekubaliwa, jumla 1,350,000. Usianze kusimulia Kosta. Yaani, mimi ningesimulia, lakini ningejuta.

Wengi wanamaliza hapo kwa makubaliano, na hakuna ubaya, hela ya leo ina thamani. Ila soma kabla ya kusaini. Je, kila awamu ina tarehe na kiasi? Akikosa awamu moja, deni lote linadaiwa kwa mkupuo? Kama halijaandikwa, omba liandikwe. Na kuna sentensi moja hupenda kujificha mwishoni, inayosema malipo haya ni kwa madai yote na hakuna dai jingine litakaloletwa. Ukiisaini hiyo ukiwa umesahau likizo yako au NSSF, umevisahau moja kwa moja. Makubaliano yakishasainiwa yana nguvu ya amri ya mahakama, kwake na kwako.

Msipopatana, shauri linakwenda kwa mwamuzi. Huko ndiko kwenye viapo, mashahidi na vielelezo, na ndiko uvumilivu unakohitajika kweli. Akimaliza kusikiliza, mwamuzi ana siku 30 za kutoa tuzo. Mwajiri asiporidhika ana wiki sita kwenda Divisheni ya Kazi kuomba mapitio. Asipokwenda na asipolipa, unapeleka tuzo huko huko ikazwe. Hapo ndipo lile neno lenu "amri" linapopata meno. Akaunti ya benki ya mwajiri inaweza kuzuiwa, na dalali wa mahakama anaweza kutumwa akakamate mali. Dalali huwa hatafuti madawati. Hutazama magari kwanza. Mimi miaka yote hii nikipishana na Kosta ya shule yenye maandishi ya bluu, huwa naisoma ubavuni.

Mkiwa wengi, nendeni pamoja. Fomu moja inatosha, mmoja wenu akaisaini kwa niaba, lakini iambatane na orodha ya majina ya wote, kila mtu na sahihi yake na kiasi anachodai. Yule anayesema "mimi niko nanyi rohoni" hatalipwa rohoni wala benki. Na kila mmoja ahesabu siku zake mwenyewe, maana aliyelipwa Mei na hakulipwa Juni hayuko sawa na asiyelipwa tangu Aprili.

Sitakudanganya kuhusu hofu. Kumwachisha mtu kazi kwa kuwa ametumia haki yake ya kisheria ni sababu batili, na ukiwa umefikisha miezi sita kazini unalindwa. Lakini mkataba wako wa mwaka mmoja ukiisha Desemba, anaweza asiuongeze, na wenye shule wanajuana, wanapigiana simu. Nayajua hayo. Ndiyo maana sikwambii uende kwa sababu huna cha kupoteza. Unacho. Nakwambia uende kwa sababu hata ukikaa kimya unapoteza, kila siku ya mwisho wa mwezi, kwa kiasi kinachojulikana.

Walimu wa serikali mnaoniandikia kuhusu malimbikizo, kupanda daraja kwenye karatasi bila kupanda kwenye mshahara, fedha za uhamisho na likizo, njia yenu ni nyingine. Tangu marekebisho ya mwaka 2016, mtumishi wa umma anatakiwa amalize kwanza ngazi zilizoko ndani ya Sheria ya Utumishi wa Umma ndipo afikirie kwingine. Ukikimbilia CMA watakurudisha. Anza na mkurugenzi wa halmashauri kwa barua inayopokelewa kwa muhuri, nakala kwa ofisa utumishi na chama chako, na utunze ya kwako. Nitawaandikia makala yenu peke yenu, naahidi, hata mbele ya mawifi.

Mkihitaji mtu wa kuwasomea fomu kabla ya kuipeleka, Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu na Chama cha Wanasheria Wanawake, TAWLA, wanasaidia bila malipo wasio na uwezo, na kila mkoa una ofisa kazi mwenye mamlaka ya kuingia shuleni na kukagua hati za mishahara. Ofisa kazi akifika getini, huwa ada za wazazi zinaonekana haraka sana.

Mdogo wangu wa Pwani alinipigia tarehe 21 Agosti, saa saba mchana, yuko nje ya ofisi za CMA, sauti ya bodaboda nyuma yake. Fomu imepokelewa, siku nane kabla Juni haijafa. Wako watano kwenye orodha. Wenzake saba bado wanavumilia. Kama wewe ni mmoja wa hao saba na gazeti hili limekufikia, siku ya mwisho ya mshahara wa Julai ni tarehe 29 Septemba, na siku hiyo ofisi hufungwa jioni kama siku nyingine.